Kocha Aliyepima Pigo kwa Kamba

Kwa muda wote niliomjua, Kocha hakuwahi kushika padi ya gemu kwa mkono wake. Alikaa nyuma yetu juu ya kreti ya soda iliyofunikwa kwa gunia, mikono ameikunja kifuani, akaitazama televisheni kama mtu anayetazama pambano kutoka kona ya ulingo. Ukicheza vizuri hakusema kitu. Ukicheza vibaya ulisikia pumzi tu nyuma ya kisogo chako, "Hmh," na hiyo ilitosha kukutoa jasho.

Wageni walidhani hajui. Kijana mmoja aliyetoka Komarock alimgeukia siku moja akamwambia, "Mzee, si ujaribu kidogo?"

"Kocha haingii ulingoni," akajibu. "Akiingia, nani atakuona ukipigwa?"

Chumba chenyewe kilikuwa Kayole, ghorofa ya chini, karibu na Spine Road. Mwenye chumba na mwenye mashine alikuwa mkewe, Mama Rispa, ambaye kaka yake alikuwa amerudi kutoka ng'ambo na vitu viwili vya maana: mashine ya gemu na kikohozi. Mama Rispa alikaa mlangoni akishona vitambaa vya makochi, na sauti ikipanda ndani alisema bila kuinua macho, "Mmekuja kucheza ama mmekuja kugombana? Kama ni kugombana, nje kuna nafasi ya kutosha." Mimi nilikuwa nimemaliza chuo cha ualimu na nilikuwa nikisubiri kuajiriwa, na kusubiri huko kulikuwa kurefu. Kocha aliniita Ticha kabla sijawahi kusimama mbele ya darasa hata moja. Sikuwahi kumwambia jinsi neno hilo lilivyonisaidia kuamka asubuhi.

Lazima nieleze kwanza habari ya kadi, maana bila kadi hutaelewa chochote kuhusu mtu huyu. Gemu tuliyoipenda ilikuwa ndefu. Ulipewa mtu mmoja dhaifu mwenye upanga wa mbao, ukapigana, ukamkuza, naye akaongezeka nguvu kidogo kidogo kwa miezi. Ili asipotee stima ikikatika, ulihitaji kadi ndogo ya kumhifadhi. Sisi tulikuwa na kadi moja tu, iliyookotwa katika jalala la Dandora, ambayo fundi aliisafisha kwa spiriti, na ndani yake ni nafasi moja peke yake iliyokubali. Kwa hiyo, wakati vijana wa mitaa mingine walikuwa kila mmoja na shujaa wake, sisi sote, zaidi ya watu ishirini, tulikuwa tunamlea mtu mmoja. Tulimwita Mtu Wetu.

Hapo ndipo Kocha alipoweka sheria. Kupigana, pigana unavyotaka. Lakini Mtu Wetu akipanda levo na kupewa pointi za kuongeza nguvu, padi inawekwa chini sakafuni, na hakuna anayeigusa mpaka kila aliyemo chumbani amesema neno lake. Nimeona vikao vya kanisa vilivyokuwa na fujo kuliko vikao vyetu vya pointi. Nimeona mtu akichelewa kazini kwa sababu zamu yake ya kusema haijafika.

Ugomvi mkubwa ulikuwa juu ya kriti. Nieleze polepole, kwa sababu ni jambo rahisi likielezwa polepole. Katika gemu za namna ile kuna pigo la kawaida, na kuna pigo la bahati, ambalo huja lenyewe bila kuitwa: skrini inamulika njano, adui anayumba, na maumivu yake ni makubwa kuliko kawaida. Hilo ndilo kriti. Kuna mistari miwili inayolitawala. Mmoja unaamua linakuja mara ngapi. Wa pili unaamua lina uzito gani likija. Pointi ni chache, na ukishaziweka huwezi kuzitoa.

Abdi, aliyeuza katika duka la mjomba wake hapo jirani, hakuwa na subira na mstari wa kwanza. "Weka zote kwa uzito, Kocha. Ikishuka moja tu, huyo amekwisha."

"Na isiposhuka?"

"Itashuka."

"Lini? Ukishazikwa?" Kocha alingoja kicheko kitulie. "Wewe utaoa hivyo hivyo, Abdi. Unangoja malkia apite Spine Road, na wasichana wazuri wanapita kila siku kununua unga kwako."

Nyambura, msusi aliyekuja wakati wa chakula cha mchana na chanuo likiwa bado nyweleni, alitaka kinyume chake. "Manze, mimi nataka imulike kila saa. Njano, njano, njano."

"Huko ni kupapasa," Kocha akamwambia. "Utampapasa adui mpaka asinzie."

Kisha akasimama, akatoa msumarini kamba yake ya kuruka, kamba nzito ya katani aliyotumia kufundishia ngumi. Akaifunga ncha mbili pamoja na kutupa pembe, watu wanne, tuivute sakafuni. Kwanza alitupanga ikawa chumba kirefu chembamba kama korido ya ploti ya vyumba vya kupanga. "Upande huu mrefu ni uzito wa Abdi. Huu mfupi ni mara ngapi linakuja. Ndani ni maumivu ya adui. Ticha, ingia." Niliingia, na magoti yangu yakagusa kamba pande zote mbili. Akatugeuza. Sasa upande mrefu ulikuwa wa Nyambura, na magoti yangu yaligusa kamba vilevile. Mwisho akatusogeza mpaka pande zote zikawa sawa. Watu watatu wakaingia ndani wakasimama bila kusukumana.

"Kamba imeongezeka?" akauliza.

"Haijaongezeka."

"Basi mnagombania nini?"

Nafundisha hesabu sasa, na kila mwaka nawaletea wanafunzi wangu kamba kama ile. Nawaambia: chukua pointi sita. Weka moja kwa mara ngapi na tano kwa uzito, zidisha, unapata tano. Geuza, tano kwa mara ngapi na moja kwa uzito, ni tano tena. Gawa tatu kwa tatu, unapata tisa. Pointi ni zile zile sita. Hata mwanafunzi anayeogopa hesabu huona jambo hili akisimama ndani ya kamba, na uso wake ukifunguka mimi humwona Kocha juu ya kreti yake.

Wala hakuwa mtu wa kukariri. Tulipompatia Mtu Wetu pete iliyofanya kriti lije mara nyingi zaidi, Nyambura alidai tuendelee kugawa nusu kwa nusu kama tulivyofundishwa. Kocha alikataa. "Pete imeshakuvutia upande mmoja. Pointi zako zote peleka upande uliobaki. Tazama kwanza ulichopewa, halafu ujaze palipopungua." Maneno hayo ya mwisho aliyasema mara nyingi na kwa mambo mengi: kwa mtu aliyekuwa akipika, kwa mtu aliyekuwa akichumbia, kwangu mimi nilipolalamika kwamba wenzangu wenye jamaa katika ofisi kubwa walikuwa wameshaajiriwa.

Usidhani alikuwa mtu wa kiasi katika kila kitu. Mtu huyu aliyetupimia pigo kwa kamba alitia sukari kwenye chai mpaka kijiko kikasimama. Aliyetufundisha kungoja, mwenyewe hakuweza kungoja hata kidogo. Hakupanga foleni ya kitu chochote. Basi likichelewa kidogo, alikuwa ameshaondoka kwa miguu, na ungemkuta mjini viatu vimejaa vumbi, anakuuliza mbona umechelewa. Mama Rispa alimpeleka zahanati siku moja kwa ajili ya goti. Alipogeuka kuongea na muuguzi, mgonjwa alikuwa njiani kurudi nyumbani. "Huyo ukimwambia asimame mahali," alituambia, "ni kama umemfunga jela."

Tena alichukia fujo. Watu wawili wakishikana mashati nje, alikwenda akasimama katikati yao na kuwauliza kwa upole majina ya mama zao. Sijui kwa nini, lakini ilifanya kazi kila mara.

Nyambura alimuuliza siku moja kuhusu mapambano yake ya ujana. Kocha alikunja ngumi. "Nilikuwa na mkono mmoja mzito," akasema. "Huu wa kulia. Kila mtu aliujua. Basi nikawa naungoja. Raundi ya kwanza naungoja, ya pili naungoja. Wenzangu walikuwa wananigusa tu, kidogo kidogo, na majaji wanaandika." Akautazama mkono ule kama kitu alichoazimwa. "Ndiyo maana sitaki kumwona mtu mwingine akingoja pigo."

Sasa nifike mahali ambapo nimekuwa nikipazunguka. Kabla ya kreti na televisheni, Kocha alikuwa na holi. Halikuwa lake, lilikuwa la watu wote, jengo la mawe katikati ya fleti zetu. Wanawake wa vyama walikutana humo, maharusi walikula humo, na kila jioni Kocha alifundisha ngumi humo bila malipo, kwenye ulingo wa mbao alioupigilia misumari mwenyewe. Asubuhi moja tuliamka tukakuta holi limezungushiwa mabati. Tukaambiwa kiwanja kina mwenyewe. Nani? Tajiri fulani. Hatukuwahi kumwona kwa macho, si siku ile wala baadaye. Vijana wa ngumi wakakosa pa kwenda, ndipo wakajazana katika chumba cha Mama Rispa, na Kocha akawafuata huko kama kuku mwenye vifaranga. Yote niliyoyasimulia yalitokea huku mabati yale yakionekana kutoka mlangoni. Kitu kimoja tu Kocha alikitaka duniani: kurudisha ulingo wake.

Na alikitafuta kwa kamba ile ile. "Tusiende kama Abdi," alisema, "na tusiende kama Nyambura." Kila Jumamosi tulifagia kando ya mabati, tukapanda maua pale, ili mtu asiseme kiwanja kimetupwa. Kila wiki wawili wetu walikwenda ofisi ya ardhi kuuliza, kwa upole, swali lile lile: mwenye kiwanja ni nani? Huo ulikuwa upande wa mara kwa mara. Kwa upande wa uzito, alimpata wakili mmoja, mtoto wa mtaa wetu aliyewahi kufundishwa ngumi naye, akakubali kwenda kortini bure. Kidogo kidogo mambo yakaanza kuitika. Karani mmoja akatuambia pembeni kwamba tuna haki. Korti ikatoa amri kwamba jengo lisiguswe. Siku hiyo Mama Rispa alipika chapati, na Kocha akaruka kamba mbele ya mlango, goti lake bovu na yote, tukimhesabia kwa kupiga makofi.

Wakati huohuo Mtu Wetu alikuwa amefika mlango wa mwisho wa gemu. Hakukuwa na shujaa kama yeye. Kriti lake lilikuja mara nyingi na lilikuja zito. Maadui waliotusumbua mwanzo sasa walianguka kwa pigo la pili. Jumapili baada ya kanisa chumba kilijaa mpaka watu wakasimama dirishani, na Abdi akapewa heshima ya kuingia kwa yule adui wa mwisho, jitu jeusi lililokaa kwenye kiti bila hata kusimama.

Abdi alipiga. Alipiga tena. Tulingoja njano.

"Itakuja," Nyambura akasema.

Haikuja. Mtu Wetu alipiga mpaka akaishiwa dawa, akafa. Nyambura akachukua padi, akafa. Nikachukua mimi. Jioni ile na jioni zilizofuata kila mtu alijaribu, na skrini haikumulika hata mara moja. Yalishuka mapigo ya kawaida tu, mepesi kama kwato za mbuzi juu ya mwamba, kwa sababu mstari wa pigo la kawaida tulikuwa hatujauwekea pointi hata moja. Huenda tulionywa. Katika kijiji cha mwisho kulikuwa na kikongwe aliyesema maneno marefu kila tukimpita, lakini gemu yetu ilikuwa ya maandishi ya ng'ambo, herufi kama kuku amepita kwenye matope, na hakuna aliyeweza kuyasoma. Tulijifunza kila mstari kwa kuujaribu. Huyu hakuna aliyewahi kumjaribu.

Kocha ndiye aliyelisema. "Huyu, kriti haimwingii."

"Haiwezekani, Kocha," Abdi akasema, karibu kulia. "Tumegawa vizuri."

"Tumegawa vizuri sana."

"Sasa?"

"Sasa hakuna kitu. Kuna mtu ameumbwa hivyo. Hesabu yako ni nzuri, na yeye haimhusu."

Tukamhifadhi Mtu Wetu mbele ya mlango ule. Kumrudisha nyuma kulikuwa hakuwezekani, pointi hazitoki. Kumfuta na kuanza upya hakuna aliyekuwa na moyo. Kocha alituchekesha kidogo, akasema ni gemu tu, akamwomba Mama Rispa chai.

Tinga la kubomoa lilikuja Jumatano, mchana mweupe, watu wengi wakiwa kazini. Nilikuwepo. Kocha alitembea mpaka mbele yake, katikati ya maua yetu, na amri ya korti mkononi, na wakili wetu alikuwa kando yake amevaa tai. Mtu mmoja mwenye kofia ya plastiki alishuka. Aliichukua ile amri akaisoma yote, bila haraka. Kisha akaikunja vizuri, akamrudishia Kocha kwa mikono miwili, kama unavyomrudishia mtu sahani.

"Asante, mzee," akasema. "Sogea kidogo usiumie."

Mwenye kuendesha tinga alikuwa kijana. Alifungua kioo akasema, "Mzee wangu, mimi nimetumwa tu, kwani ningefanya nini?" Hakukuwa na ubaya sautini mwake. Hakuna aliyetutukana siku ile, hakuna aliyetupiga. Ukuta wa kwanza ulipoanguka vumbi likatufunika sote sawa, na katika vumbi lile nilimsikia Kocha, karibu na sikio langu.

"Huyu pia, Ticha," alisema.

Siwezi kukupa faraja hapa, ingawa kwa tabia napenda kuwapa watu faraja. Nimelifikiria jambo hili kwa miaka. Nimetafuta mahali tulipokosea ili niwaambie wanafunzi wangu, "Tazameni, hapa ndipo." Sijapaona. Tuligawa vizuri sana.

Baadaye niliajiriwa, nikapelekwa shule ya mbali. Nilirudi Kayole baada ya miaka michache, likizo ya Desemba, nikapita mahali palipokuwa holi. Pamesimama jengo refu la rangi ya krimu, maduka chini, nyumba juu, na mbele yake uwanja wa magari. Langoni alisimama mlinzi, sare ya buluu imemzidi mabegani, rungu mkononi. Mguu wa kushoto mbele kidogo, kisigino cha kulia kimeinuka. Nilimjua kwa miguu kabla sijaona uso.

"Kocha."

"Ticha! Niaje?" Akacheka, akanishika mkono kwa mikono yote miwili. "Umenenepa. Serikali inakulisha."

Tuliongea habari za nyumbani. Mama Rispa alikuwa Dandora kwa dada yake, na mimi nikamweleza niliyoyakuta dukani kwa Abdi: mashine iko kwake na bado inafanya kazi, naye ameoa msichana aliyekuja kununua unga. Nilishindwa kuuliza, naye akaona ninavyoshindwa.

"Kazi iliyopatikana ni hii," akasema. "Tena niko karibu." Akanielekeza kwa rungu, kati ya magari mawili. "Kona ya buluu ilikuwa pale penye ile pikapu. Ya nyekundu pale kwa lile tangi. Nikizunguka doria napita kwa kamba zote nne, hakuna anayejua."

"Unasimama hapa siku nzima?"

"Siku nzima."

"Wewe, Kocha?"

Alitazama barabarani, kisha akaniuliza, kama mtu anayemuulizia jirani aliyehama, "Na Mtu Wetu? Bado yuko kwa kadi?"

"Abdi anasema yuko. Pale pale kwa mlango. Hakuna mtu amemgusa."

Kocha aliinamisha kichwa. "Mwambie amfute," akasema.

"Kocha, miezi yote ile..."

"Amfute, Ticha. Si vizuri mtu kusimama mlangoni hivyo."

Gari likapiga honi nyuma yangu, gari kubwa lenye vioo vyeusi. Kocha akasema, "Nisamehe kidogo." Akaenda haraka, goti likichechemea, akafungua kamba ya katani iliyofunga lango, akalivuta kwa mikono miwili mpaka likawa wazi kabisa, na akasimama wima pembeni, mkono wa kulia, ule mzito, ukiwa umeinuliwa kwenye kofia, mpaka gari lote likapita.